Baharini hakuna kibao cha "Punguza Mwendo"

MSOMAJI wangu, mimi ni mtoto wa Kariakoo. Bahari naijua kama wengi wenu mnavyoijua: Jumapili jioni pale Coco, mhogo wa kuchoma mkononi, pilipili inachuruzika, na maji ya kuishia magotini. Kwa hiyo ukiona leo naandika habari za bahari usije ukadhani nimezamia meli. Kuna jambo lilinipata, na nitalieleza ingawa nyumbani kwetu hawapendi likumbushwe.

Baba yangu mkubwa alikuwa nahodha. Siyo wale wa kofia nyeupe na nyota mabegani, hapana. Nahodha wa mashua, msuli na fulana. Kwa zaidi ya miaka 30 alibeba nazi, mkaa, chokaa na abiria wake kati ya Kunduchi, Unguja na Mafia. Ramani hakuwa nayo. Kusoma kwake kulikuwa kusoma msahafu. Lakini haikutokea hata siku moja mashua yake ikapanda mwamba. Sisi watoto tukimwuliza njia anaijuaje, anajibu kwa mkato: "Naiona." Basi, hakuna zaidi ya hapo.

Alifariki mwaka 2004, Mungu amrehemu. Mashua akarithi mwanawe, yaani kaka yangu, ambaye yeye ni mtu wa duka la spea pale Gerezani. Muulize bei ya bampa, atakwambia akiwa usingizini. Muulize bahari... Haya, tuendelee.

Idd el Fitr ya mwaka 2007, Idd pili, kaka akatangaza kwamba anatutoa matembezi ya Mbudya. Tulikuwa watu tisa pamoja na mwanawe wa miaka sita, sinia la pilau, redio kubwa inayopiga taarabu mpaka samaki wanakereka, na jaketi la kuokolea moja tu, tena limekaliwa kama mto. Saa mbili na nusu asubuhi tukaondoka Kunduchi. Kaka kakaa nyuma, mkono mmoja kwenye injini, mwingine kwenye simu, miwani ya jua, bomba kabisa. Maji yametulia kama kioo. Mimi nilikuwa najionea raha kwa sababu kulikuwa na binti mmoja rafiki wa dada yangu, na nilishaanza kumweleza kwamba ukoo wetu ni wa manahodha.

Sijamaliza hiyo sentensi, tukasikia "krrrrr" chini ya miguu.

Ukiwa barabarani, mahali pabaya pana kibao. Punguza Mwendo, Kona Kali, Daraja Jembamba. Baharini juu ni bluu tu, upande huu bluu na upande ule bluu. Tulipochungulia tukaona matumbawe yale pale, unaweza kuyagusa kwa mkono. Kaka akasema kwa sauti ya mwenye duka, "Msiwe na wasiwasi, maji yatajaa sasa hivi yatatunyanyua."

Kumbe ndiyo kwanza yalikuwa yanatoka.

Hili ndilo jambo ambalo mvuvi yeyote angemwambia. Idd inakuja na mwezi mwandamo, na mwezi ukiandama ndiyo wakati wa bamvua. Maji yanajaa kupita kawaida na yanakupwa kupita kawaida. Pwani yetu ya Dar es Salaam, siku za bamvua, tofauti ya kujaa na kupwa inapita meta 3, sawa na kutoka sakafu mpaka dari ya chumba cha kupanga. Sisi tulikuwa tumekaa darini, maji yanashuka kwenda sakafuni. Ilipofika saa nne na nusu mashua yote ilikuwa imelala ubavu juu ya mwamba mkavu, na ubao mmoja wa chini ukalia kama kuni. Pilau likamwagika. Taarabu ikanyamaza yenyewe.

Adhuhuri maji yakaanza kurudi, nayo yakaingia kupitia pale ubao ulipopasuka. Nani amewahi kusimama juu ya mwamba katikati ya bahari akitazama maji yakimpanda? Miguuni. Magotini. Mapajani. Sitasahau kaka alivyompandisha mwanawe mabegani na kumwambia waimbe wimbo wa shule, na mtoto anaimba kweli, na kaka sauti yake inakatika. Yule binti niliyemwambia habari za ukoo wa manahodha alinishika mkono, lakini siyo kwa namna niliyokuwa nimeipanga.

Alituokoa mzee mmoja wa ngalawa. Alikuja mara tatu, maana ngalawa haichukui watu wengi. Alianza na mtoto na akina dada, sisi wanaume tukabaki mwisho, maji kiunoni. Nilipopanda nikamwamkia, "Shikamoo mzee," akaitikia, halafu akamtazama kaka muda mrefu.

"Wewe mtoto wa nahodha umefuata nini hapa? Marehemu baba yako akifika hapa, mnazi mrefu ukiuziba mnara wa msikiti, alikuwa anageuza. Siku zote."

Tukageuka wote kutazama pwani. Mnara upo. Mnazi haupo. Palipokuwa na mnazi palikuwa pamejengwa hoteli, ghorofa nne na bendera juu.

Mashua ilibaki palepale. Kesho yake mawimbi yalikuwa yameshaifanya mbao. Ile ndiyo mali pekee ambayo baba mkubwa aliiacha, na mpaka leo shangazi zangu wakigombana na kaka huanzia hapo.

Basi baada ya wiki moja nikaenda kumtembelea mjomba wangu Temeke. Yeye alifanya kazi miaka mingi kwenye tagi za bandarini, zile meli ndogo zinazovuta kubwa, sasa kastaafu anafuga kuku. Nilitegemea pole. Akaniuliza swali moja tu: "Ramani mlichukua?" Nikacheka, ramani ya kwenda Mbudya? Hakucheka. Akaingia chumbani, akatoka na likaratasi likubwa limekunjwa, limechakaa, la rangi ya chai ya maziwa, akalitandika sakafuni na kuweka kikombe kila pembe.

Jamani, sikuwahi kuona kitu kama kile. Ramani tulizofundishwa shuleni nchi kavu ndiyo imejaa maneno na bahari imeachwa tupu. Hii ilikuwa kinyume. Nchi kavu hamna kitu ila kilima, mnara, mti mkubwa, vitu vya kuonekana kwa mbali. Bahari ndiyo imejaa: namba, namba, namba, mamia ya namba ndogondogo kama tiketi za bahati nasibu zimemwagika. Kila namba ni kina cha maji mahali pale. Nyingine zilikuwa zimepigiwa mstari chini. Mjomba akaweka ukucha juu ya mojawapo. "Ikipigiwa mstari maana yake maji yakipwa huo mwamba unatoka nje. Nyinyi mlikaa hapa."

Mwamba wetu ulikuwa umeandikwa! Umeandikwa kabla baba mkubwa hajazaliwa, na kwa jirani kuna jina limechapwa kwa herufi za Kizungu: Fungu Yasini. Nikamwambia mjomba, mbona hiki ni Kiswahili? Akasema ramani za Waingereza za pwani hii zimejaa "fungu", "ras" na "mlango" kwa sababu waliokuja kupima walikuwa wanauliza wenyeji. Mzungu hawezi kutoka London na neno fungu mfukoni. Kuna mvuvi wa watu aliinyooshea kidole ile sehemu akataja jina lake, na jina lake mwenyewe halikuandikwa popote.

Nikamwuliza ni nani sasa alikaa akapima namba zote hizi, moja moja. Mjomba akasema, "Vijana kama wewe. Wengi wao walikufa." Hapo ndipo nilipoanza kutafuta vitabu, na nikanogewa.

Zamani njia ya baharini ilikuwa ndani ya kichwa cha mtu. Bahari yetu hii ya Hindi ilikuwa na mabingwa wake, wanaoitwa malimu, ambao waliongoza majahazi kwa nyota, kwa rangi ya maji, kwa ndege na nyoka wa baharini. Mmoja wao, Mwarabu Ahmad ibn Majid, karne ya 15 aliandika kitabu kizima cha elimu hiyo, na akatunga shairi refu la njia ya kwenda Sofala, iliyo Msumbiji ya leo. Usishangae kwa nini shairi. Shairi unalikariri, na usiku wa giza hakuna haja ya taa ya kulisomea.

Ila mgeni asiye na malimu alikuwa kipofu. Mwaka 1498 Vasco da Gama alipokuwa anapandisha pwani hii, meli yake moja iitwayo São Rafael ilipanda fungu karibu na Mtangata, upande wa Tanga. Walisubiri maji yajae, ikanasuka. Ndiyo maana alipofika Malindi jambo aliloling'ang'ania ni kupewa mtu wa kumwonyesha njia ya Bara Hindi, akapewa, akafika. Wakati wa kurudi, mwaka 1499, mabaharia walikuwa wamekufa sana hata hawatoshi meli tatu, basi ile São Rafael wakaichoma moto palepale ilipokuwa imekwama mwanzoni. Nakiri nilipoisoma habari hiyo nilijisikia nafuu kidogo. Kumbe siyo kaka peke yake.

Na huko Ulaya kwenyewe usidhani walikuwa mafundi. Mwezi Oktoba 1707 kundi la manowari za Uingereza lilikuwa linarudi nyumbani chini ya Admirali Cloudesley Shovell. Hali ya hewa mbaya, mahesabu ya walipo yamekosewa, usiku wakajigonga kwenye miamba ya visiwa vya Scilly, mlangoni kabisa mwa kwao. Meli nne zikazama na watu zaidi ya 1,400 wakafa, admirali mwenyewe akiwemo. Hawakupigana na mtu. Waliuawa na mahali.

Ilikuwa hivyo kwa karne nyingi. Hata baadaye, kwenye vita vile virefu vya Uingereza na Ufaransa vilivyokwisha 1815, wanamaji wa Uingereza walipoteza meli nyingi zaidi kwa miamba na dhoruba kuliko kwa mizinga ya adui.

Shida ilikuwa ya aina mbili. Kwanza hujui wewe uko wapi. Pili hujui mwamba uko wapi. Hiyo ya kwanza ilitatuliwa na saa. Mwaka 1714 Bunge la Uingereza liliahidi paundi 20,000 kwa atakayepata njia ya kujua meli imeenda umbali gani mashariki au magharibi, na fundi seremala mmoja, John Harrison, akatumia karibu umri wake wote kutengeneza saa isiyopotea hata meli ikiyumba. Ile ya nne ilijaribiwa baharini kuanzia 1761, ikafaulu. Unajua kwa nini saa? Dunia inazunguka. Saa yako ikikosea dakika moja tu, hapa karibu na ikweta hesabu yako inakosea kama kilomita 28. Yaani unadhani uko Posta kumbe umeshaipita Mbezi.

Ya pili haikuwa na dawa ya mkato. Mwamba huwezi kuukisia, lazima mtu aende akaupime. Waingereza walifungua ofisi ya ramani za bahari mwaka 1795, mkuu wake wa kwanza akiwa Alexander Dalrymple, wakati Wafaransa walikuwa wameshawatangulia. Bwana mmoja wa Kifaransa, d'Après de Mannevillette, alishatoa kitabu chake cha ramani za Bahari ya Hindi tangu 1745. Lakini pwani yetu ya Afrika Mashariki ilikuwa bado imechorwa kwa kubahatisha. Mpaka akaja huyu ninayetaka umjue.

Anaitwa William Fitzwilliam Owen. Mwaka 1822 aliondoka Uingereza na meli mbili, Leven na Barracouta, akatumwa kupima pwani ya Afrika. Fikiria kazi yenyewe. Meli kubwa inatia nanga mbali, kwa sababu ikisogea itakuwa yale ya kaka. Inashushwa mashua ya makasia. Kijana mmoja anasimama mbele ameshika bildi, yaani kamba yenye risasi nzito mwishoni, imefungwa alama za ngozi na vitambaa kila baada ya pima kadhaa. Pima ni ileile pima yetu, mikono miwili ukiinyoosha. Anatupa, risasi inagusa chini, anasoma alama, anapaza sauti. Chini ya ile risasi pana shimo limejazwa shahamu, mafuta ya mnyama, ili ikigusa chini irudi na ushahidi. Mchanga ukinata, sawa, hapo nanga itashika. Tope, sawa. Ikirudi safi au imekwaruzwa, huo ni mwamba, kaa macho. Halafu wanasogea hatua chache, wanatupa tena. Asubuhi mpaka jioni. Jua la kwetu hili. Miaka minne.

Lakini kina bila mahali hakina maana. Hapo mjomba alinifundisha kwa njiti za kiberiti. Mtu wa pili kwenye mashua anashika sekstanti, chombo cha kupimia pembe. Anatazama vitu vitatu pwani: mnara, kilima, mti. Anapima pembe baina ya mnara na kilima, na baina ya kilima na mti, wakati uleule risasi inapogusa chini. Kwa pembe hizo mbili, ukija kuchora kwenye karatasi, umekamatika, ile sauti ya kina imepata nukta yake. Ilinichukua njiti karibu kumi kuelewa, halafu nikaruka. Baba mkubwa! Mnazi ukiuziba mnara, geuza. Mzee alikuwa anafanya kitu kilekile, kasoro karatasi.

Umbali nao walikuwa wanaupata kwa mzinga. Mmoja anafyatua, mwingine aliye mbali anaona mwako, anahesabu sekunde mpaka asikie mlio. Sauti inakwenda kama meta 340 kwa sekunde, zidisha mwenyewe. Na pwani anaachwa mtu na mti uliotiwa alama, kazi yake kutazama maji yanapanda na kushuka, ili kila kina kilichopimwa kipunguzwe mpaka kiwe kina cha maji yakiwa yamekupwa. Hili ndilo lililonigusa zaidi. Namba ya kwenye ramani ni namba ya wakati mbaya. Ikikwambia kuna pima tatu, karibu kila saa utakuta zaidi. Angalau kuna mtu aliyekufikiria.

Sasa kuhusu kufa. Mwishoni mwa 1822 walifika ghuba ya Delagoa, hapo ulipo mji wa Maputo leo. Mashua zikaingia mitoni kupima, vijana wakalala huko, wakaanza kuanguka kwa homa. Malaria. Kwamba inaletwa na mbu, ilikuja kuthibitishwa na Ronald Ross mwaka 1897, kwa hiyo hawa waliambiwa ni hewa chafu, na matibabu ya siku zile yalikuwa kumtoa damu mgonjwa ambaye damu yenyewe hana. Mkuu wa Barracouta akafa, nafasi yake ikachukuliwa na Alexander Vidal. Mpaka safari inaisha mwaka 1826, zaidi ya nusu ya watu waliotoka nao kwao walikuwa wamekufa, wengi wao kwa maradhi. Walirudi na ramani zipatazo 300, za pwani ya Afrika, Madagaska na sehemu za Uarabuni.

Wasomaji wangu wa Mombasa, mnapita Port Reitz kila siku na matatu zenu, mnajua Reitz ni nani? Alikuwa ofisa wa Owen, kijana mdogo. Mwezi Februari 1824 Owen alifika Mombasa, akakuta Wamazrui wameshapandisha bendera ya Kiingereza wakitaka kinga dhidi ya Sultani Seyyid Said wa Oman. Owen, ambaye biashara ya watumwa ilikuwa inamchoma roho, akakubali kwa sharti kwamba biashara hiyo ikome, bila hata kuwauliza wakubwa zake London. Akamwacha Reitz awe mkuu wa pale. Mwezi Mei mwaka huohuo Reitz alikuwa ameshakufa kwa homa. Na mwaka 1826 wakubwa wa London wakaikataa hiyo kinga, bendera ikashushwa. Siasa yote ile ikapeperuka. Kilichobaki ni ramani, na jina la marehemu kwenye ile bahari nzuri ya Port Reitz.

Najua kijiweni kuna mtu ameshainua kidole. "Sasa wewe unawasifu wakoloni? Si ndiyo ramani walizotumia kuja kututawala?" Ndugu yangu, ni kweli. Manowari zilizokuja miaka ya baadaye kupiga mizinga kwenye pwani hii hazikuja kwa kupapasa. Zilijua pa kutia nanga, na zilijua kwa sababu ya kamba na risasi ya hawa vijana. Sitaki kulificha hilo. Lakini mwamba wenyewe haukuulizi pasipoti. Ile namba iliyopigiwa mstari ilikuwa inamwambia kila mtu anayejua kuisoma, na mimi na ndugu zangu hatukuwa miongoni mwao.

Tena ramani peke yake haitoshi, na hapa nirudi kwenye mnazi, maana nimeufikiria sana. Kosa la baba mkubwa halikuwa kukosa elimu. Elimu alikuwa nayo kuliko wengi. Ila mnazi ulikatwa yeye akiwa kaburini, na hapakuwa na mtu wa kupelekewa habari. Wenzetu walilitambua jambo hili mapema. Mwaka 1833 ofisi ile ya Uingereza ilianza kuchapa majedwali ya kujaa na kupwa kwa maji, na mwaka 1834 ikaanza kutoa matangazo kwa mabaharia: taa fulani imezimika, boya fulani limehama, fungu limeongezeka. Matangazo hayo yanaendelea mpaka leo, na mwenye ramani anakaa na kalamu anasahihisha. Mjomba alinionyesha kwenye ramani yake masahihisho ya mkono, ya wino wa zambarau, na pembeni tarehe. Wenye ramani mnazi ukikatwa wanaandikiana. Sisi tulikuwa na mtu mmoja, na mtu huyo akafa.

Usidhani kazi imekwisha. Bildi inagusa palepale inapoanguka tu. Jiwe lililosimama kama kidole katikati ya mitupo miwili linaweza kupona miaka 100 bila kuonekana. Meli ya kifahari ya Queen Elizabeth 2, ndiyo, ile ya matajiri, mwezi Agosti 1992 ilijigonga karibu na kisiwa cha Cuttyhunk, Marekani, kwenye mwamba ambao ramani haikuuonyesha. Upimaji wa sehemu hiyo ulikuwa wa mwaka 1939. Siku hizi wanapima kwa mawimbi ya sauti kutoka chini ya meli, na hata hivyo sakafu ya bahari zote duniani iliyopimwa vizuri ni zaidi kidogo ya robo. Robo! Mwezi umepigwa picha wote.

Na niseme ukweli mwingine, isije ikaonekana karatasi ni hirizi. Misiba yetu mikubwa ya majini, MV Bukoba mwaka 1996, Spice Islander mwaka 2011, haikuletwa na mwamba usiojulikana. Hakuna ramani itakayokwambia kwamba chombo kimejaa mno, hilo unaliona kwa macho yako kabla hujapanda.

Kaka yangu hakununua mashua nyingine mpaka mwaka 2015, kwa shirika na yule mzee wa ngalawa. Safari hii ana simu yenye ramani ya bahari ndani, nukta ya bluu inatembea, na maboya ya kuokolea ya kila mtu, hayakaliwi. Lakini kabla hajaishusha majini alifanya jambo ambalo nilimwambia mimi, najisifu kidogo. Alinunua daftari la kurasa 96, akamfuata mzee pwani kila Ijumaa baada ya swala, kahawa na kashata juu yake, akawa anamwandika. Kila alama. Kilima gani juu ya paa gani, unaona nini kabla ya kugeuza, maji yakiwa vipi, Kusi au Kaskazi.

Mara moja nilikwenda nao. Wakafika kwenye ule mwamba wetu. Mzee akanyamaza, akaitazama pwani kwa muda, akanywa kahawa.

"Andika. Bendera ya hoteli ikiuziba mnara, geuza."

Kaka akaandika.

"Weka na tarehe," mzee akasema. "Hao nao watabomoa."